Jinsi ya kubeba OpenTTD kwenye flashi na kulicheza kwenye kompyuta yoyote

Mwongozo huu ni wa wale wanaopenda magemu ya kupanga na kufikiri lakini hawana kompyuta moja ya kudumu. Hapa Dodoma tuko wengi wa namna hiyo: mchana kompyuta ni ya chuo na hairuhusu kusakinisha kitu, jioni laptopu ni ya kaka, wikiendi ni ya intaneti kafe. Gemu lenyewe ni OpenTTD. Tukimaliza, gemu zima, reli ulizojenga, mipangilio yako na vitu vya ziada ulivyopakua vitakaa ndani ya folda moja. Ukichomeka flashi unaendelea ulipoishia, ukichomoa unaondoka na mafaili yako yote.

Gemu la asili linaitwa Transport Tycoon. Lilitengenezwa na Chris Sawyer na kutolewa na kampuni ya MicroProse mwaka 1994, kisha mwaka uliofuata likaja Transport Tycoon Deluxe. Unaanzisha kampuni ya usafirishaji kwa mkopo, unatandika reli, unajenga stesheni, unanunua vichwa vya treni na mabasi, na unahangaika hadi mzigo ulipe. Sawyer aliliandika kwa lugha ya asembli kwa ajili ya kompyuta za DOS, mfumo wa zamani wa kuendeshea kompyuta, na Windows za leo za biti 64 haziendeshi programu za DOS. Programu kama DOSBox inaweza kuiga kompyuta ya zamani na gemu likawaka, ila utahitaji nakala halisi ya zamani na utabaki na picha ndogo za enzi hizo. Mwaka 2004 Ludvig Strigeus wa Sweden alitoa OpenTTD, gemu lilelile lililoandikwa upya ili liende kwenye Windows, Linux na Mac. Tangu toleo 1.0.0 la mwaka 2010 huhitaji tena diski ya zamani, maana picha, sauti na muziki huru vipo. Leseni yake ni GPL toleo la 2, kwa hiyo kumnakilia rafiki kwenye flashi yake ni halali kabisa. Hilo nalipa uzito, kwa sababu magemu ya kuibwa yanayozunguka kwenye flashi ndiyo yanayotuletea virusi.

Kabla ya kuanza: kama kompyuta ni ya maabara ya chuo, muulize msimamizi. Zipo maabara zinazozuia programu yoyote inayotoka kwenye flashi, na hapo usitafute ujanja.

Hatua ya 1: Pakua faili sahihi

Nenda openttd.org, sehemu ya kupakua. Utakuta mafaili mengi na wengi hukosea hapa. Kwa Windows kuna faili la kusakinisha linaloishia na .exe na kuna faili la .zip. Chukua la .zip. Lile la .exe litaliweka gemu ndani ya kompyuta, kinyume na tunachotaka.

Kisha angalia aina ya Windows. Fungua Settings, System, About, usome mstari wa System type. Ukiona 64-bit chukua faili lenye win64 kwenye jina lake, ukiona 32-bit chukua lenye win32. Kama hujui kompyuta utakazokutana nazo, win32 inaenda kote kuwili, maana Windows ya biti 64 inaendesha pia programu za biti 32. Kwa mtu wa kuhamahama hiyo ndiyo salama zaidi, ingawa kwenye ramani kubwa win64 inajiweza zaidi.

Hatua ya 2: Fungua zipu kwenye flashi

Bofya faili la zipu kwa kitufe cha kulia cha mausi, chagua Extract All, uelekeze kwenye flashi. Usifungue zipu na kubofya openttd.exe ukiwa bado ndani yake. Windows hulitoa faili hilo peke yake kwenye folda ya muda, gemu linakosa wenzake na halitawaka.

Folda iliyotoka ina jina refu lenye namba za toleo. Ndani utaona openttd.exe, folda ya baseset, folda ya lang na nyinginezo. Ipe folda ya juu jina fupi, mfano OpenTTD, lakini zile za ndani usiziguse.

Hatua ya 3: Tengeneza openttd.cfg kabla ya kuwasha gemu

Hatua hii ndiyo roho ya kazi yote, kwa hiyo nenda nayo taratibu.

OpenTTD likiwaka hutafuta faili la mipangilio liitwalo openttd.cfg. Huanza kuangalia kwenye folda ambamo limewashiwa, kisha kwenye folda ya Documents\OpenTTD ya mwenye kompyuta, kisha sehemu nyingine. Linapolikuta, hapohapo ndipo linapoweka makao: michezo uliyohifadhi, vitu ulivyopakua, picha za skrini, vyote huandikwa pembeni ya faili hilo. Lisipolikuta popote hulitengeneza lenyewe kwenye Documents, na ukichomoa flashi reli zako zimebaki kwenye kompyuta ya watu.

Dawa yake ni kuliwekea faili tupu mapema. Fungua Notepad, usiandike kitu, nenda File, Save As. Ingia kwenye folda yako ya OpenTTD ndani ya flashi. Pale palipoandikwa Save as type, badilisha Text Documents iwe All files. Kwenye jina andika:

openttd.cfg

Sasa hakikisha. Windows ina tabia ya kuficha viishio vya majina, na mara nyingi faili huwa limejiita openttd.cfg.txt bila wewe kuona. Kwenye Windows 11 fungua View, Show, kisha File name extensions. Kwenye Windows 10 nenda View na uweke tiki kwenye File name extensions. Ukiona .txt imejipachika mwishoni, ifute. Faili liwe pembeni ya openttd.exe, folda ileile. Lina ukubwa wa KB 0 na ndivyo linavyotakiwa. Gemu litalijaza lenyewe.

Kama kompyuta hiyo iliwahi kuwa na OpenTTD, kuna jambo moja la kuangalia. Hata baada ya kulikuta faili lako kwenye flashi, gemu bado huchungulia Documents\OpenTTD na kutumia vitu vya ziada vilivyomo. Unaweza kudhani treni zako mpya zimo kwenye flashi kumbe zinasomwa kutoka kwenye laptopu yako, na ukifika kwa mwenzio hazipo. Badilisha kwa muda jina la ile folda ya Documents ndipo uendelee.

Hatua ya 4: Washa mara ya kwanza ukiwa na intaneti

Fanya hatua hii sehemu yenye mtandao mzuri, maana ukishaimaliza huhitaji tena bando kucheza. Bofya openttd.exe. Litakwambia halina picha na kuomba ruhusa ya kuzipakua, kubali. Linapakua OpenGFX, MB chache tu.

Ukifika kwenye menyu kuu bofya Check Online Content. Tafuta OpenSFX kwa ajili ya sauti na OpenMSX kwa muziki, uziwekee tiki, upakue. Ukitaka wapinzani wa kompyuta, pakua angalau AI moja. Bila hivyo utacheza peke yako, kwani gemu haliji na mpinzani. Chochote kinachotegemea kingine, gemu litakichagua lenyewe. Humo pia ndimo wanamopatikana NewGRF, yaani vifurushi vya treni, stesheni na majengo vilivyotengenezwa na wapenzi wa gemu. Nakushauri uanze bila hivyo. Gemu la msingi lina mambo ya kutosha, na kila kifurushi unachoongeza ni kitu kingine ambacho mwenzako naye lazima awe nacho mkija kucheza pamoja.

Toka kwenye gemu kwa kufuata menyu, usilikate ghafla, kwa sababu mipangilio huandikwa wakati wa kutoka. Sasa tazama folda yako. Faili la openttd.cfg limeongezeka ukubwa, na kuna folda mpya ya content_download. Angalia Documents: kusiwe na folda mpya ya OpenTTD. Kama ipo, rudi hatua ya 3, jina la faili limekosewa.

Folda ya content_download ni ya gemu lenyewe, usiweke vitu humo kwa mkono. Ukipewa ramani iweke kwenye folda ya scenario, na mchezo uliohifadhiwa uweke kwenye save.

Hatua ya 5: Faili la kuwashia

Ukibofya openttd.exe moja kwa moja ndani ya folda, mambo huenda sawa. Shida huja pale mtu anapotengeneza njia ya mkato kisha flashi ikabadilika herufi, jana ilikuwa E na leo ni F. Ili kuepuka hayo, fungua Notepad, andika mistari hii, na uihifadhi kwa jina cheza.bat pembeni ya openttd.exe, kwa njia ileile ya All files:

@echo off
cd /d "%~dp0"
start "" openttd.exe

Mstari wa pili unaiambia Windows ianzie kwenye folda lilimo faili hilo, herufi yoyote iwayo.

Kisha lijaribu kwenye kompyuta nyingine, na uzime intaneti yake kwanza. Likiwaka na picha, sauti na mchezo wako uliohifadhi, kazi imekwenda sawa.

Linux na Mac

Kwa Linux pakua faili lenye linux-generic, linaloishia na .tar.xz. Tengeneza openttd.cfg tupu vilevile, fungua terminali ndani ya folda hiyo na uandike:

touch openttd.cfg
chmod +x openttd
./openttd

Kikwazo ni kwamba flashi zenye mpangilio wa mafaili wa FAT32 hazitunzi ruhusa za Linux, na mfumo unaweza kukataa kuendesha programu iliyomo. Nakili folda nzima kwenda kwenye kompyuta, cheza, kisha rudisha folda ya save kwenye flashi. Mafaili ya .sav yanaeleweka kote, ulichohifadhi kwenye Windows kinafunguka Linux, mradi toleo la gemu ni lilelile au jipya zaidi. Mwenye Mac naye yuko hivyo: aweke programu yake ya Mac na kuhamisha mafaili ya .sav tu.

Kompyuta yenye nguvu ndogo, skrini yenye herufi ndogo

Laptopu nyingi zilizotumika tunazonunua zinaliendesha gemu hili bila taabu ukichagua ramani ya kiasi. Gemu linaruhusu kuanzia miraba 64 kwa 64 hadi 4096 kwa 4096. Chukua 256 kwa 256 au 512 kwa 512. Ile kubwa kabisa inavutia kwa macho, lakini baada ya treni mia kadhaa laptopu itaanza kukwama, na kwa kweli hutaijaza.

Herufi zikiwa ndogo, fungua Game Options, sehemu ya Graphics, na uongeze ukubwa wa vitufe na maandishi. Skrini ikibaki nyeusi au picha zikiharibika, kadi ya picha haipatani na gemu, kwenye cheza.bat ongeza -v win32 mwishoni mwa mstari wa tatu, uwe hivi:

start "" openttd.exe -v win32

Umeme na flashi

Umeme ukikatika kwenye kompyuta isiyo na betri, unapoteza kila kitu tangu ulipohifadhi mara ya mwisho. Gemu hujihifadhi lenyewe baada ya muda fulani ndani ya save\autosave, na muda huo unaubadilisha kwenye Game Options. Uweke mfupi.

Flashi nayo usiichomoe gemu likiwa limewaka. Toka, subiri, tumia Eject. Halafu kuna kile kirusi maarufu cha intaneti kafe kinachoficha folda zako na kuweka njia za mkato zenye majina yaleyale. Ukiona folda yako ya OpenTTD imekuwa na mshale mdogo na ukubwa wa KB moja au mbili, usiibofye. Isafishe flashi kwa antivirasi, halafu rudisha gemu kutoka kwenye nakala. Nakala hiyo uwe nayo tangu leo: ibane folda nzima kuwa zipu moja, uiweke kwenye kompyuta ya nyumbani au kwenye simu. Mimi folda ya save huinakili pia kwenye simu kila nikimaliza kucheza, maana ndiyo pekee isiyopakulika upya.

Kujenga Reli ya Kati yako

Hapa ndipo penye utamu kwa mtu wa huku kwetu. Unapoanzisha mchezo mpya utachagua hali ya hewa kati ya nne. Chagua sub-tropical. Kwenye hali hiyo miji iliyo jangwani haikui mpaka uipelekee chakula na maji. Mahindi na matunda unayapeleka kiwandani, yanageuka chakula, chakula unakipeleka mjini. Maji unayachukua kwenye chanzo kilicho jangwani na kuyafikisha kwenye tanki la mji. Yeyote aliyeishi Dodoma ataelewa mara moja kwa nini mji wake hauongezeki nyumba, na atajua treni ya kwanza ibebe nini. Hali hiyohiyo ina migodi ya almasi pia, kwa hiyo tawi la kwenda Shinyanga unaweza kulijenga kwa faida.

Kwenye menyu kuu kuna Scenario Editor. Humo unatengeneza ardhi, unapaka jangwa, unaweka miji na kuipa majina unayotaka. Kama una picha ya miinuko ya ardhi kwa rangi ya kijivu, faili la PNG, iweke kwenye scenario\heightmap na gemu litaigeuza kuwa vilima. Sehemu nyeupe ni juu, nyeusi ni chini. Nakushauri usichore njia yote kutoka Dar es Salaam hadi Kigoma. Chukua kipande cha Kilosa hadi Manyoni, uweke Kidete, Godegode, Gulwe, Kikombo, Ihumwa, Dodoma, Bahi, Kintinku na Saranda. Kibaigwa iwe na shamba la mahindi karibu, kwa heshima ya soko lake.

Mwaka wa kuanzia unauchagua mwenyewe. Gemu huanza 1950, lakini reli ya Wajerumani ilifika Dodoma mwaka 1910, kwa hiyo mchezo ukianza ijenge kwanza njia kuu ya reli moja, maana Scenario Editor haitandiki reli. Weka njia za kupishania kila baada ya stesheni chache na uzilinde kwa ishara za path za upande mmoja, zile zinazoitengea treni njia yake kabla haijapita. Ukitumia ishara za kawaida kwenye reli moja, treni mbili zitakutana uso kwa uso zisimame hapo hadi uchoke. Baadaye jenga pembeni reli ya umeme, kama ile ya SGR iliyoanza kuleta abiria Dodoma Julai 2024, na uone abiria wanavyohama kutoka njia ya zamani.

Ramani ukiimaliza ihifadhi. Inakaa kwenye folda ya scenario ndani ya flashi, na unaweza kumpa yeyote.

Kucheza na wenzako bila bando

Mtu mmoja awashe hotispoti ya simu, wengine waunganishe laptopu zao. Intaneti haihitajiki, simu inatumika kama kiungo tu. Mmoja achague Multiplayer, aanzishe seva na kuiweka Local. Wengine wabofye Search LAN, waione, waingie. Windows ya mwenye seva itauliza kama iruhusu gemu kupita kwenye mtandao. Akubali, na kama hana mamlaka hayo kwenye kompyuta hiyo basi seva aiwashe mwenye laptopu yake mwenyewe. Seva isipoonekana, wengine waandike anwani ya IP ya mwenye seva, namba ya port ya gemu ni 3979.

Kinachokwamisha mara nyingi ni toleo. Wote lazima muwe na toleo moja la gemu na NewGRF zilezile, la sivyo seva inakataa. Njia rahisi ni mmoja wenu kutengeneza zipu ya folda yake, bila folda ya save, na kuwanakilia wengine wote.

Toleo jipya likitoka, usilifungue juu ya lile la zamani. Tengeneza folda nyingine, kisha nakili humo openttd.cfg, save, scenario na content_download kutoka folda ya kwanza. Toleo jipya hufungua michezo ya zamani, ila ukishahifadhi kwa toleo jipya, la zamani haliwezi kuifungua tena. Kwa hiyo folda ya zamani ibakishe kwenye flashi mpaka kila mnayecheza naye awe amehamia toleo jipya.